Jando Lililosubiri Uhuru

Ukimkuta mzee Ndafa Na Wangna kwenye mashamba ya mpunga ya Kambesse, mguu mmoja juu ya tuta na mwingine topeni, utaona amevua shati, amevua viatu, na suruali ameikunja hadi mapajani, lakini kofia nyekundu hajavua. Wajukuu wanasema analala nayo. Mkewe, Nhima, anakana. Halali nayo kichwani, anasema. Anaiweka juu ya tumbo na kuifunika kwa mkono, kama mtu anayeatamia yai.

Wazee wengine wa kabila letu la Balanta wanavaa kofia zao kwa mazoea tu, zimepauka na kuota ukungu. Ndafa anaivaa yake kana kwamba alikabidhiwa jana. Kaka zake waliipata vichwa vyao vikiwa vyeusi tii. Yeye aliipata mvi zimeshapiga hodi, kwa sababu katikati palipita vita.

Huku kwetu jando si la vitoto. Mwanamume hukaa blufo, yaani asiyeingia jando, mpaka ndevu zimkomae. Anaweza kuwa na mabega ya fahali, na mke ndani, na watoto wawili uani, bado ni blufo. Ana raha zake: anacheza, anapiga mieleka, anaiba ng'ombe wa kijiji cha jirani na wasichana wanamtungia wimbo. Lakini kwenye baraza la wazee neno lake halisikiki. Sisemi linakataliwa. Halisikiki kabisa, kama kuku aliyepita akilia. Na maiti haruhusiwi kumzika wala kusema naye, hata akiwa baba yake mzazi. Mpaka siku atakapoingia msituni na rika lake, akatoka na kofia nyekundu, ndipo atahesabiwa mtu.

Ndafa alitaka kitu kimoja tu duniani: baba yake, mzee Bidinte, amwone akitoka msituni siku hiyo. Alikuwa mwanawe wa mwisho, na kifua cha mzee kilikuwa kimeanza kukoroma kama sufuria ya uji.

Vita vikafika kwanza. Wareno waliweka mizinga kwenye ngome yao pale kivukoni, na vijana wa Kambesse wakaingia msituni upande wa chama kilichopigania uhuru, kwa kiongozi aliyeitwa Honorio. Honorio alikuwa mtoto wa karani kutoka Bissau, mwembamba, mwenye miwani minene na maneno mengi mazuri. Siku ya kwanza alipovuka matope ya mikoko maji yakiwa yamekupwa, alizama mpaka kiunoni, na kila alivyojitutumua ndivyo alivyozidi kwenda chini.

“Komredi Kamanda, usishindane nayo hayo,” Ndafa akamwambia toka ukingoni. “Matope ni kama mama mkwe. Ukimbishia anakumeza.”

“Sasa nifanye nini, bwana we?”

“Lala.”

“Nilale?”

“Lala kifudifudi, tukuvute.”

Kamanda wa ukanda mzima akalala kifudifudi, akavutwa kama mtumbwi, miwani imejaa tope. Vijana walicheka mpaka wakakaa chini. Alipofuta miwani yake naye akacheka, na tangu siku hiyo wakampenda. Kiongozi asiyejua kuchekwa ni mzigo, hasa porini.

Ukitaka kumwona Ndafa akitabasamu leo, usimuulize habari za medali. Muulize chakula cha kambini. Atakwambia wali ule wa mawese na samaki mkavu, bakuli moja, mikono saba, na mkono wa Honorio ukiwa wa nane, ukiungua kila siku kwa sababu haukulelewa kwenye wali wa moto. Atakwambia jinsi Honorio alivyowafundisha kuandika kwa kipande cha mkaa juu ya mfuniko wa sanduku la risasi. Mpaka leo Ndafa anailaza herufi N kidogo upande, kama alivyoilaza Honorio. Na Honorio naye alifundishwa: kutembea topeni bila kuzama, kugema mchikichi, na kunyamaza. Hilo la mwisho halikumkaa sana.

“We Ndafa,” alimuuliza siku moja, “kweli uliiba ng'ombe?”

“Wengi tu, Komredi.”

“Chama kinakataza wizi.”

“Najua. Ndiyo maana nimeacha. Lakini yule aliyemtoa ng'ombe zizini mbwa wasibweke, huyo ndiye utakayemtuma kwenye uzio wa Mreno, au siyo?”

Wiki ile ile Honorio akamfanya mkuu wa wapelelezi.

Basi kiangazi kimoja gogo la ngoma likalia kutoka Kambesse, likajibiwa na vijiji vya ng'ambo. Kila Mbalanta pale kambini aliacha alichokuwa akifanya. Wazee walikuwa wametangaza jando. Rika la Ndafa lote, nusu nzima ya wapiganaji wa Honorio, lilitakiwa kwenye msitu wa jando kwa muda wa miezi. Usiulize furaha. Waliimba mpaka sauti zikakauka, na Ndafa akamwona baba yake rohoni, amekaa kigodani, akimngoja atoke.

Honorio hakuimba. Kiangazi hicho hicho ndicho alichopanga kuivamia ngome ya kivukoni. Mizinga ya pale ilikuwa ikipiga matuta ya mashamba. Maji ya chumvi yalikuwa yameanza kuingia kwenye mpunga, na wanawake waliokwenda kuvuna walirudishwa mmoja mmoja juu ya machela. Bila nusu ya watu wake, angevamia kwa fimbo.

Akaenda barazani kuwaomba wazee waahirishe. Ndafa alimsindikiza, akabaki nje ya ua. Honorio akasimama mbele ya kofia nyekundu na kuhutubia, na alijua kuhutubia: ardhi, wajukuu, bendera. Akamaliza. Mzee mmoja akamgeukia mwenzake.

“Mvua za mwaka huu unazionaje?”

“Naona zitachelewa kidogo.”

Honorio akarudia maneno yake kwa sauti kubwa zaidi. Mzee mwingine akajipiga kofi shingoni kuua mbu. Hakuna aliyemtukana wala kumfukuza. Hakuwapo tu.

Akatoka nje masikio yakiwaka. “Hivi hawa wazee ni viziwi?”

“Viziwi? Hata panya akikohoa wanamsikia. Ila wewe, Komredi, ni blufo.”

“Mimi! Nina kikosi kizima chini yangu!”

“Hata fahali ana kundi zima, lakini hakai barazani.”

Honorio akataka kukasirika, akashindwa. Akakaa juu ya kinu kilichopinduliwa. “Basi nani anaweza kunisemea?”

Ndafa alilijua jibu. Wa kusema alikuwa mwenye kofia ambaye mwanawe yumo katika rika lile, mtu ambaye angeumia kweli jando likisogezwa. Wengine wangeambiwa wanapigia debe maneno ya mjini.

“Baba yako,” Honorio akasema taratibu. Naye alikuwa ameshaishi nao kiasi cha kujua. “Ndafa, hili siwezi kukuamuru. Nakuomba.”

Angeweza kukataa. Angesema mzee anaumwa, na hapo asingedanganya. Jando lingeingia, kofia angeipata, na baba angemwona. Alitembea kwenda nyumbani, na kila tuta alilopita lilikuwa na shimo la bomu lililojaa maji.

Mzee Bidinte alikuwa uani, akilainisha mpini wa jembe refu kwa kipande cha chupa.

“Baba, nimetumwa.”

“Na nani? Yule wa macho ya kioo?”

“Huyo huyo.”

Akamweleza yote. Mzee hakuacha kukwangua mpini. “Na wewe unasemaje?”

“Mimi ni blufo, baba. Sisemi.”

Mzee akacheka mpaka kikohozi kikamshika, Ndafa akalazimika kumshika mgongo. “Hapa si barazani, mtoto wa shetani we. Hapa ni kwangu. Sema.”

“Nalitaka jando. Nataka unione. Lakini mizinga ile ikibaki mwaka mwingine, hatutakuwa na mpunga, na hao wa kuniona nao hawatakuwapo.”

“Kifua changu hakingoji. Unalijua hilo?”

“Nalijua.”

“Na bado umekuja.”

“Nimekuja, baba.”

Mzee akaupitisha mpini kiganjani kutafuta mikwaruzo, akaona hakuna, akauegemeza ukutani. “Nipe kofia yangu hapo kwenye msumari, sina nguvu ya kuinuka. Hapana, we usiiguse. Mwite mama yako.”

Akajikongoja hadi barazani, na wazee wakamsikia, maana yeye alikuwa mtu. Alisema kwa werevu wake wa siku zote. “Nilipokuwa napita nje nilisikia neno likielea hewani. Sijui lilisemwa na nani, pengine upepo. Linasema jando lisifutwe, lingoje kwanza mizinga inyamaze na Mreno aende kwao. Nimelipima. Naliona zuri, ila linauma. Mimi linaniuma kuliko wote. Kifua changu mnakisikia kinavyopiga zeze. Aliye na maumivu kuliko haya asimame, nami nitakaa.”

Hakuna aliyesimama. Penye wazee haliharibiki neno, na siku ile halikuharibika. Jando likaambiwa lingoje uhuru.

Ngome ya kivukoni waliivamia kabla mvua hazijaanza. Ndafa alipita chini ya uzio kama alivyokuwa akipita kwenye mazizi, akafungua njia, na kufikia asubuhi mizinga ilikuwa imetumbukizwa mtoni. Wanawake wa Kambesse waliingia mashambani siku hiyo hiyo kuziba matuta, wakiimba wimbo wa blufo aliyeiba ngome nzima. Ndafa aliusikia akaona haya, lakini hakuwakataza.

Mzee Bidinte hakufika msimu wa kupanda. Habari ilimkuta Ndafa kambini; akatembea bila kula, akafika kofia nyekundu zimeshamzunguka baba yake. Akasimama nje ya ua na mablufo wenzake na watoto. Alisikia jembe likichimba. Alisikia wazee wakimwita baba yake kwa jina na kumuaga, mmoja baada ya mwingine, na kati ya wanawe ni yeye peke yake ambaye hakuwa na ruhusa ya kufungua kinywa. Alikuwa mwanamume aliyeongoza watu kwenye risasi, na siku ile alilia kama mtoto aliyefungiwa nje.

Wakati huo akahisi mtu amesimama kando yake. Ni Honorio, tope limemfika magotini. Alikuwa amevuka mikoko peke yake, na hakuzama. Alivua kofia yake ya kijeshi, akasogea mbele kidogo kuchungulia. Bibi mmoja akamgusa kiwiko.

“Rudi nyuma, mwanangu. Hapo ni pa wakubwa.”

Honorio akarudi nyuma, akasimama katikati ya watoto. Baadaye akasema chinichini, “Ndafa, nilidhani nakuomba msimu mmoja tu.”

“Hata mimi, Komredi.”

Walikaa pale mpaka wote waliozika wakanawa.

Uhuru ulikuja, na watu wanapenda kusimulia bendera. Ndafa husimulia waliokosekana: Fona mpiga mieleka, Quade aliyeimba puani, na wengine wa rika lake ambao hata mfupa wao haujulikani ulipo. Makamanda wengi walihamia Bissau, wakapata viyoyozi, wakasahau kwamba matope yapo. Ndafa hana kinyongo nao, mimi ninacho. Honorio naye alipewa ofisi kubwa, na akaonekana mara chache.

Wazee walipolifungua tena lile jando lililongoja, Ndafa aliingia msituni akiwa na mvi masikioni, na vijana waliolelewa wakati wa vita walimtania, “Babu, umepotea njia?” Siku ya kutoka, Honorio alikuja. Gari lake lilikwama topeni mbali, akafika kwa miguu, dereva wake mbele akipiga kelele, “Pisheni! Mheshimiwa huyu! Waziri!”

“Waziri sawa,” wanawake wakamjibu, “lakini ni mvulana. Asimame huku na sisi.”

Akasimama huko. Ndafa alipopita mbele yake, ameoga, amepakwa mafuta, kofia nyekundu kichwani, Honorio aliinamisha kichwa.

“Shikamoo, mzee.”

Ndafa akamtazama yule aliyemfundisha herufi. “Marahaba, mwanangu.”

Wakaangua kicheko wote wawili, wakashikana mabega, na kicheko kikawageukia kikawa kilio, mbele za watu, bila aibu.

Lakini Ndafa hakubaki kwenye sherehe. Huku nyama ikichomwa na ngoma zikilia, alijitenga akaenda nyuma ya nyumba, mahali baba yake alipolazwa. Kule msituni alikuwa ametunga hotuba ndefu: ngome, bendera, wenzake, shukrani. Alipofika akachuchumaa, akaweka kiganja juu ya udongo, na maneno yote yakamtoroka.

“Baba,” akasema, “ni mimi. Sasa unaweza kunisikia.”

Kisha akakaa chini vizuri, akaanza kumsimulia tangu mwanzo.