Tangu azikwe kwenye runinga, somo wake hamwiti somo

Asubuhi hii Mtawanya, pembezoni mwa mji wa Mtwara, Hamisa Faraji ameketi kizingitini, simu mkononi, anagombana peke yake. Anafoka kwa sauti nzito ya mume, kisha anajijibu kwa sauti ya mke.

"Jirani, leo nani kafumaniwa?" anauliza Maria, upande wa pili wa uzio.

"Mume."

"Basi mwambie apunguze sauti, mwanangu kalala."

Hamisa, mwenye miaka thelathini na minane, anaandika tamthilia za runinga. Kila neno hulitamka kwanza ndipo aliandike. Alianza na vichekesho, akahamia mapenzi, kisha upelelezi, na sasa hadithi za kutisha. Kazi zikikosekana, husuka watu nywele.

"Kutisha ni rahisi," anasema. "Taa ikizimika tu, watu wameshaogopa. Kazi ni kuchekesha."

Lakini tamthilia iliyomfanya ajulikane ndiyo asiyopenda kuitaja. Ilikuwa ya mapenzi, na ndani yake alimweka muuza mihogo mmoja mcheshi, akamwita Bi Hamisa.

Jina hilo ni lake, ila si lake peke yake. Alipewa kwa heshima ya Bi Hamisa wa Mikindani, rafiki wa marehemu mama yake. Huku pwani wenye jina moja huitana somo, na tangu utoto wake wawili hawa hawakuitana vinginevyo.

Bi Hamisa alijivuna. Tamthilia ilipoonyeshwa, sebule yake ilijaa majirani.

Kisha mwigizaji wa nafasi ile akapata kazi kwingine. Mtayarishaji akapiga simu kutoka Dar es Salaam: "Muue."

"Nikamwambia, avuke mpaka pale Kilambo, aende kwa dada yake Msumbiji," anakumbuka Hamisa. "Akasema safari haina machozi. Nikaandika msiba. Ningekwenda Mikindani kumwambia somo mapema, nikaona aibu."

Bi Hamisa aliliona jeneza likitolewa, jina lake likitajwa, mbele ya wageni wake. Kesho yake bombani wakamtania: "Marehemu, panga foleni!" Alicheka nao. Nyumbani hakucheka.

"Nilipokwenda kumwomba radhi, alinikaribisha vizuri," Hamisa anasema, akitazama chini. "Chai, mihogo, kila kitu. Akaniambia, 'Kula, mwandishi.' Mwandishi! Bora angenitukana."

Miaka mitatu imepita. Bado anaitwa mwandishi.

Sasa anaandika kichekesho ambacho hakuna aliyekiagiza. Mama anarudi kutoka Msumbiji, mzigo kichwani, anakuta nyumbani kwake wanamsomea hitima, wakidhani amekufa. Wasomaji wanatimua mbio na sahani za pilau mkononi.

Wiki iliyopita alimsomea Bi Hamisa, aliyekuwa akikuna nazi. Walipofika kwenye pilau, mkono wa bibi ukasimama, mabega yakatikisika kwa kicheko.

"Huyo mama anaitwa nani?" akauliza.

"Sijampa jina. Nakungoja wewe."

Bi Hamisa akarudi kwenye nazi yake. "Kwanza mpe viatu. Katoka Msumbiji kote huko pekupeku?"

Ijumaa Hamisa atakwenda tena Mikindani kumsomea. Mahali pa jina ameacha wazi.

"Nitaanzia kwenye viatu," anasema.