Mchezo Ndani ya Dirisha, Kule Mweso

Ninyi mliokulia Mweso miaka ile ya shati jeupe na sketi ya buluu, baridi ya asubuhi zetu sina haja ya kuwaeleza. Ukungu ulishuka kutoka milimani mpaka uwanjani mwa shule, tukasikia kengele bila kumwona anayeigonga. Mfukoni tulikuwa na kipande cha muhogo wa moto. Kwanza kilipasha vidole, kisha ndipo kilipoliwa. Wasichana tulicheza nzango, miguu ikirushwa na mikono ikipigwa, huku matope yakiruka mpaka kwenye kola. Jioni yalikuwa maharage na ndizi katika sahani moja, na mama akichunga kila mmoja asivuke kuingia upande wa mdogo wake.

Hayo yote ninayakumbuka. Lakini kinachonirudia mara nyingi kuliko nzango na muhogo ni ordinateri, yaani kompyuta, ya Papa Muhindo.

Papa Muhindo alikuwa mfanyabiashara aliyetoka Butembo. Dukani aliuza chumvi, sabuni, misumari na betri, na pembeni mwa duka alikuwa na chumba kidogo alichokiita sekretaria. Huko watu walikwenda kupigiwa barua na kutolewa fotokopi. Ekra, kioo cha ile mashine, ilikuwa na mgongo mnene, imekaa juu ya meza kama gunia la viazi. Jenereta ilinguruma nje, nyuma ya ukuta, na harufu ya mafuta yake iliingia mpaka kwenye karatasi. Darasani, tukisikia jenereta imewaka, mwalimu aliendelea kuongea na ubao, sisi tulikuwa tumekwisha ondoka kwa mawazo.

Fundi aliyeileta ile mashine kutoka Goma alikuwa ameacha ndani yake mchezo wa magari. Yalikimbia juu ya barabara laini isiyo na shimo hata moja, na sisi watoto wa Masisi, ambako barabara zote ni mashimo, tulikubaliana kwamba hapo ndipo uongo wa mchezo ule ulipokuwa. Ukimfagilia Papa Muhindo duka au ukamchotea maji, alikuruhusu kukaa kidogo mbele ya ekra. Watoto wa leo mchezo ukichelewa kufunguka kidogo tu wanapumua kama watu waliopanda mlima na mzigo. Sisi tulingoja zamu yetu tumesimama, na kungoja kwenyewe kulikuwa utamu.

Mimi nilikuwa nikienda na Alphonsine. Nyumba yao na yetu zilitenganishwa na shamba la maharage tu, na mama zetu walisema tulijuana tangu tukibebwa mgongoni. Darasani hakuongea sana. Lakini akikutana na mtu anayefanya kazi kwa mikono, fundi wa baiskeli, mshonaji, yeyote, alisimama karibu na kuuliza mpaka yule mtu acheke au akasirike.

Basi mchezo ule ulikuwa na tabia mbaya moja. Ukiufungua, ulikula ekra yote. Ulichokuwa umeandika kilifichika nyuma yake, na ukitaka kukirudia, mara nyingi mashine iligoma. Picha iliganda, kitufe hiki hakikusikia, kile hakikusikia, mpaka uzime na kuwasha tena. Siku moja Papa Muhindo aliacha barua ya pasta mmoja katikati, akaenda dukani kupima chumvi. Wavulana waliokuwa pale wakafungua mchezo. Aliporudi ekra ilikuwa imeganda, na mashine ilipozimwa barua ikapotea yote, pasta mwenyewe akiwa amekaa pale na kofia yake magotini.

"Muchezo imekufa!" Papa Muhindo alipiga kelele. "Kuanzia leo, hapana mutoto tena mu chumba yangu!"

Tulikaa mbali na sekretaria siku nyingi. Alphonsine ndiye aliyenivuta mkono siku moja baada ya masomo, tukaenda kusimama mlangoni.

"Papa Muhindo," alisema, "na kama muchezo inakaa mu kadirisha kadogo, barua inakaa pembeni, munaona byote mbili?"

"Iyo inawezekana?"

"Sijue. Muniache nijaribu."

Sijui kwa nini alimkubalia. Labda kwa sababu hakuna mtoto mwingine aliyewahi kumjibu "sijue" bila kuona haya.

Alphonsine alikuwa amemtazama yule fundi wa Goma akifanya kazi. Alimwona akitengeneza zile picha ndogo za mbele kwenye ekra, ambazo ukizibonyeza programu inafunguka bila kuitafuta ndani ya makabati ya mashine. Fundi aliziita kwa Kifaransa, sisi tukaziita njia za mkato. Alimwona pia akibonyeza picha kwa kitufe cha kulia cha souris, kile kipanya cha mkononi, akifungua kijisanduku chenye maneno marefu ya mahali programu inapolala, na kuongeza neno mwishoni. Akamwuliza neno lile ni la nini. Fundi akamjibu kwamba ni kama mama anapokutuma sokoni: unakwenda, lakini amekwambia upite kwanza kwa shangazi.

Kwa hiyo Alphonsine alitengeneza njia ya mkato ya ule mchezo, akafungua kile kijisanduku, na mwishoni mwa yale maneno marefu akaandika neno la Kifaransa la dirisha. Mchezo ukafunguka, ukala ekra yote kama kawaida. Akazima, akawasha. Akaandika dirisha kwa Kiswahili. Hapo mimi nilicheka mpaka nikakaa chini.

"Unacheka nini, Neema? Pengine inasikia Kiswahili."

Haikusikia. Ndipo akakumbuka somo la Kiingereza, lile tuliloimba darasa zima tukionyesha kwa kidole mlango, ubao, dirisha. Akaliandika neno la Kiingereza, window, limeshikamana na maneno yaliyotangulia, na mashine ikajibu kwa kijisanduku cha kukataa. Alikaa akiitazama. Halafu akaacha nafasi, akaweka kistari kidogo, ndipo akaandika neno. Akabonyeza.

Mchezo ulifunguka mdogo kama daftari. Magari yakawa madogo, barabara ndogo, na pembeni yake, bila kuguswa, ilionekana barua aliyokuwa akiiandika Papa Muhindo kumwombea mtu kibali cha kujenga.

Papa Muhindo aliinama, akavaa miwani, akavua. "Ona mutoto huyu," alisema polepole. "Ona mutoto huyu!" Akatoka nje kumwita muuza nyama wa jirani aje kuona.

Miezi iliyofuata ndiyo ninayoililia. Alphonsine akawa mtu wa chumba kile. Papa Muhindo akipotelewa na kitu ndani ya mashine, alimtuma mtu mpaka shuleni kwetu. Alimfundisha kupiga barua, naye akamfundisha Papa Muhindo kuzihifadhi zisipotee. Kazi ikipungua tulikaa wawili kwenye kiti kimoja, kila mmoja na nusu yake, tunaendesha magari ndani ya dirisha letu. Mama akasema macho yangu yatatoboka. Hayakutoboka.

Kisha Papa Muhindo alikwenda kumwona Papa Bauma, baba yake Alphonsine. Ilikuwa alasiri ya mvua. Mimi na Alphonsine tulikuwa tukipukusa maharage machache yaliyowahi kukauka chini ya paa la jikoni, na tulisikia kila neno.

"Papa Bauma, dada yangu iko na nyumba Butembo," Papa Muhindo alisema. "Kule kuko shule ya kufundisha mambo ya ordinateri. Munipe huyu mutoto, asome. Atakaa kwa dada yangu sawa mutoto yake."

Papa Bauma alikuwa mkulima, mtu mpole mwenye sauti ya chini.

"Nasikia, Papa. Ni aksanti. Lakini huyu njo mutoto wa kwanza kwangu. Mama yake anagonjwa-gonjwa. Na Butembo sijue muntu ata mumoja."

"Munanijua miye."

"Ninawajua hapa. Kule siwajue." Kisha akaongeza, maana hakupenda kumwudhi mgeni, "Tuache tuvune maharage. Kisha tutaongea."

Alphonsine hakuinua kichwa. Vidole vyake viliendelea kupasua maganda, lakini maharage yalikuwa yakianguka nje ya kikapu, na mimi nikawa nayaokota moja moja.

Maharage yaliyobaki shambani hayakuvunwa na sisi. Mliokuwa Mweso wakati ule mnajua vita vilikuja vipi: kwanza soko likapungua watu, kisha shule ikafungwa, kisha asubuhi moja milio ikawa karibu na kila mtu akawa njiani. Papa Muhindo alipakia duka lake kwenye kamyo. Ordinateri aliifunga blanketi, akaiweka mbele, kati yake na dereva. Alipofika mbele ya nyumba zetu akasimamisha.

"Papa Bauma! Kuko nafasi ya muntu mumoja. Munipe mutoto!"

Papa Bauma alikuwa na godoro kichwani. Mkewe alikuwa ameketi juu ya jiwe, anakohoa, wadogo zake Alphonsine wamemshika nguo. Alimtazama mkewe, akamtazama binti yake, akatazama ile kamyo.

"Hapana, Papa. Jamaa itatembea pamoja."

Mama yangu ndiye aliyenisukuma. "Panda! Panda na mudogo yako, mushuke Kirotshe kwa shangazi, sisi tunafwata na miguu!" Nikapanda mahali palipokuwa pa Alphonsine, na mdogo wangu magotini. Nilipogeuka, Alphonsine alikuwa amekwisha beba mtungi mgongoni, amesimama, ananiangalia. Aliinua mkono. Kamyo ikashika barabara ya Kitshanga, wao wakashika ile ya kuelekea Walikale, msituni.

Nilisomea Kirotshe mpaka nikamaliza. Wazazi wangu walifika, wamechoka lakini wazima. Papa Muhindo aliendelea mpaka kwao Butembo, na sikumwona tena. Leo nina sekretaria yangu ndogo hapa Kirotshe, kando ya ziwa, umeme wa jua juu ya bati, ekra nyembamba kama sahani. Watu wananisifu kwamba nafahamu mashine. Ninawajibu asante.

Mwaka huu, mchana mmoja, mzee aliingia ameshikwa mkono na kijana mmoja. Alikuwa ameletwa hospitalini kwa ajili ya macho, wakamwambia afanye fotokopi ya karatasi zake. Nilisikia sauti ile ya chini kabla sijautambua uso.

"Papa Bauma?"

"Ni nani?"

"Ni Neema. Wa Mweso. Jirani yenu."

Alinishika mikono yote miwili, akaipapasa kama mtu anayetafuta kitu ndani yake. Alinieleza kwamba mkewe hakufika mbali, walimzika njiani. Alphonsine akalea wadogo zake. Shule hakurudi. Sasa yuko Walikale, ana mume na watoto, anauza mihogo na mafuta ya mawese.

Kisha akauliza, "Iyi sauti ni ya ordinateri?"

"Ndiyo, Papa."

Akakaa akiisikiliza. "Ile siku, ningelimwacha apande," alisema. "Mama yake alikufa hata vile. Nilizuia mutoto bure."

Nilimwomba namba ya Alphonsine, tukampigia.

Sauti yake ilikuwa nzito zaidi, ya mama wa watu, lakini kicheko kilikuwa kilekile. Tuliongea juu ya watoto wake, juu ya wazazi wangu, juu ya nani amekufa na nani yuko wapi. Nikamwambia aje, nina meza ya pili, nitamkumbusha yote.

"Neema, dada yangu, nije na nani? Batoto nitaacha wapi? Na ile njia? Mara ingine ninapitaka ku muntu iko na ordinateri hapa soko. Ninaangaliaka kidogo. Kisha ninaenda."

Nikatoka nje na simu, mzee asisikie. Nikamwambia baba yake anachosema kuhusu ile siku ya kamyo.

Kwanza alimtuma mtoto mmoja akacheze nje.

"Nilililia ile kamyo miaka," alisema. "Lakini Mama alikufa anashika mukono yangu. Umwambie Papa kama sina kitu na yeye mu roho. Ile kilio, usimwambie."

Nilirudi ndani. Papa Bauma alikuwa amegeuza uso upande wa mlango.

"Anasema nini?"

"Anasema hana kitu na nyinyi mu roho, Papa. Anasema mama yake alikufa anamshika mukono."

Aliinamisha kichwa, akakitikisa mara nyingi. Kijana akamshika, wakaondoka polepole kwenda hospitalini.

Benchini kwangu siku ile walikuwepo watoto wa shule wakingoja fotokopi zao, kila mmoja na simu yake, kila mmoja na mchezo wake unaofunguka wenyewe kwa kugusa tu, ukubwa unaoutaka, bila kumwuliza fundi, bila neno wala nafasi wala kistari. Walikaa bega kwa bega na hawakuongea. Sikuwaonea wivu, na sikuwakemea. Nilitamani tu mmoja wao asogee kidogo, ampe mwenzake nusu ya mahali, kama tulivyokaa sisi, Alphonsine akishika souris na mimi nikimwonyesha kona inakuja.