Mwalimu Aliyepima Mwendo wa Ladha

Mwalimu Ondiek alifundisha kemia katika shule moja ya kutwa hapo Kitengela. Kwa miaka yote aliyokaa mtaa wa Noonkopir, watu walimjua kwa jambo moja tu, kwamba hakubali kitu mpaka akipime. Mvua ikinyesha, aliipima kwa mkebe. Akinunua unga wa kilo mbili, aliurudisha kwenye mizani. Mkewe Akoth, ambaye alishona sare za shule katika chumba cha mbele, alikuwa akimcheka, akisema ameolewa na rula.

Mwaka wa 2000 ulikuwa mwaka wa ukame, ng'ombe wakifia kando ya barabara ya Namanga. Januari hiyo Akoth alianza kupoteza ladha ya chakula. Kwanza alitia chumvi mara mbili, kisha mara tatu, mpaka binti yao Whitney, wa miaka tisa, akasusa mboga. Walidhani ni malaria, akameza dawa. Walidhani ni mafua, akajifukiza. Ladha haikurudi, naye akaanza kukonda, maana nani ataketi kula udongo kila siku?

Siku moja saa nane mchana, akiwa kwenye cherehani, alisimamisha gurudumu akakodolea ukuta macho. Alipozinduka alimwambia mumewe kwamba kinywa chake kimejaa omena, wale dagaa wa ziwani, omena kabisa. Mchana huo walikuwa wamekula maharagwe. Omena waliila jana yake, saa moja jioni.

Mtu mwingine angeshangaa tu. Ondiek alichukua daftari akaandika: masaa kumi na tisa.

Siku nne baadaye Akoth alizubaa tena. Ondiek akamuuliza kama ni managu, mboga waliyokula jana yake, akasema ndiyo, ni managu. Safari hii yalikuwa yamepita masaa ishirini na saba. Basi Ondiek akaona mwanga. Ladha ya mke wake haikuwa imepotea, ilikuwa imechelewa tu! Kila chakula, alijiambia, kina mwendo wake wa kutoka ulimini hadi akilini, na mwendo ukijulikana, unaweza kurekebishwa. Aliipa jina, elimu ya mwendo wa ladha, akachora grafu ukutani, na wiki baada ya wiki mstari wa masaa kwenye ile grafu ukazidi kupanda.

Kufikia Mei alikuwa akimlisha kitu kimoja kwa siku ili hesabu zisichanganyike: Jumatatu asali, Jumanne ndimu, Alhamisi mchuzi wa chumvi. Akoth alipokuwa akisubiri, yeye aliketi ubavuni kwake na kalamu. Pembeni mwa ukurasa aliandika pia mambo aliyoyaona madogo: kichwa kinamuuma, kikombe kimemponyoka, ameniita kwa jina la kaka yake. Akoth alishuka kutoka kilo sitini na nane hadi arobaini na tisa. Ondiek aliyajua hayo vizuri kuliko mtu yeyote, kwa kuwa ndiye aliyempima. Kiragu, mwalimu mkuu, alimwonya mara mbili kwa kukosa vipindi. Whitney alizoea kula kwa Naeku, jirani yao aliyekuwa akiwauzia maziwa.

Naeku ndiye aliyethubutu kusema. "Mwalimu, huyu mama ni mgonjwa. Mpeleke Nairobi. Hiyo kitabu haiwezi kumponya."

Ondiek akamjibu kwamba hospitali iliwapa vidonge vya malaria mara mbili, na kwamba angalau kitabu chake kilikuwa kinaelekea mahali. Aliyasema hayo kwa ukali, akarudi kwenye grafu yake. Mfa maji haachi kutapatapa.

Mnamo Septemba Akoth alianguka juu ya cherehani, mwili ukimtikisika, povu mdomoni. Naeku alitafuta pikapu, wakamkimbiza hospitali kubwa ya Nairobi. Daktari, mama mmoja mtaratibu, aliuliza hali hiyo ilianza lini. Ondiek akamnyooshea daftari.

Yule mama alilisoma kwa muda mrefu, ukurasa kwa ukurasa. "Tarehe zote ziko hapa," alisema polepole.

Picha ya kichwa ilionyesha uvimbe upande wa kulia, karibu na sikio, mkubwa kama yai. Daktari alieleza kwamba zile ladha zilikuwa kifafa kidogo cha ubongo, na hazikuhusiana na alichokula Akoth wala saa alizokula. Ondiek akabisha. Masaa yalilingana, alisema, grafu ilinyooka. Hapo Akoth akafungua macho kitandani.

"Baba Whitney, ile ya kwanza ilikuwa omena kweli. Hizo zingine zilikuwa kama mpira ukichomeka. Ukiniuliza kama ni managu, nilikuwa nasema ni managu."

"Kwa nini, Akoth?"

"Ulikuwa unakaa karibu na mimi ukiandika. Na ulikuwa na matumaini. Ningekunyima?"

Walimpasua, lakini uvimbe haukutoka wote. Ondiek alimuuliza daktari ingekuwaje kama angemleta Februari. Daktari alisema hakuna anayeweza kujua, akasema hivyo akiangalia mlango.

Akoth aliishi miezi kumi na minne baada ya hapo, upande wa kushoto ukiwa umekufa ganzi. Ondiek alimlisha uji kwa kijiko, asubuhi na jioni. Siku moja ulimi ulimteleza, akauliza uji una ladha gani.

"Usiniulize hiyo tena," Akoth alisema. "Niulize kama nimeshiba."

Akauliza. Akoth akasema bado, naye akamwongezea.

Akoth alizikwa kijijini kwao Ondiek, Nyakach, Novemba 2001. Ndugu zake Akoth walimshika mkono mmoja mmoja, wakamshukuru kwa kumtunza dada yao, na hakuna hata mmoja aliyemlaumu. Ondiek alisimama pale akiwaitikia, akitamani walau mmoja wao amtukane.

Shule zilipofunguliwa Januari, alienda ofisini kwa Kiragu akaomba apewe hesabu, somo lisilohitaji kupima kitu, kemia apewe mwalimu mwingine. Kiragu alibadilisha ratiba bila kumuuliza sababu.