Kiganda Changu na Mbwa wa Hortense

Hortense ni jirani yangu hapa Makindye, Mkongo wa Butembo, anauza mashuka ya mitumba soko la Owino. Ukimsikia anacheka, ujue anaongea na mbwa wake, Kadogo. Alitoka naye kwao ndani ya kikapu, walipokimbia vita. Mume hakufika, Kadogo alifika.

Mwaka jana Kadogo alianza kuanguka kifafa. Daktari Nuriat, mwenye kliniki ya wanyama kule Kibuli, akampa vidonge, kimoja asubuhi na kimoja jioni. Miezi minne hakuanguka. Ila alilala mno, akitembea anapepesuka, na Hortense akaanza kujiuliza: kama amepona, dawa za nini tena?

"Mama Okwir, uniulizie daktari," akaniomba.

Hortense hajui Kiganda, Nuriat hajui Kiswahili. Mimi ni mtu wa Lira, kaskazini, mke wa polisi, nimekaa Kampala miaka kumi na tisa, Kiganda nimekiokota humu humu, na sifa nazipenda. Nikapiga simu pale pale nilipokuwa, kwenye mashine ya kusaga unga, inanguruma. Nikauliza kama tuache dawa. Nikasikia "lekera awo", yaani acha. Sikumwomba arudie. Mjuzi mimi, nirudiwe kwa nini?

"Daktari amesema acha," nikamwambia Hortense. Alipiga magoti akamshukuru Mungu, vidonge vilivyobaki akavitupa chooni.

Siku ya tatu Kadogo alianguka mlangoni, miguu ikipiga sakafu, povu mdomoni. Hajainuka vizuri, akaanguka tena. Kisha tena. Tulimfunga kwenye shuka tukapanda boda. Hortense alimkumbatia akiita jina lake njia nzima, na mimi nyuma yake nikaomba kwa kila dini ninayoijua. Sijawahi kuogopa vile kwa ajili ya mnyama.

Nuriat alimdunga sindano, akamtundikia maji. Alipojua tumesimamisha dawa, alifoka. Dawa hii haikatwi ghafla, hata mbwa akionekana mzima. Ikibidi, hupunguzwa kidogo kidogo kwa miezi, daktari akiangalia. Kwenye simu yeye alisema "tolekera awo". Usiache! Ile "to" ya mbele ilimezwa na mashine, au na kiburi changu.

"Daktari eko anasema nini, Mama Okwir?" Hortense akauliza, macho kwenye midomo yangu.

Shetani alinipa uongo kumi kwa mpigo. Nilikataa wote.

"Anasema alikataza tusiache. Mimi ndiye nilisikia vibaya."

Afadhali angenitukana. Aliuliza tu polepole, "Atapona?"

Nikafungua mdomo nimuulize Nuriat. Hortense akanisukuma kando. Akamshika daktari mkono, akamwonyesha Kadogo, akafumba macho yake, akayafumbua, akangoja ajibiwe lipi, kufa au kupona.

Nuriat alielewa. Akainua mabega, hata yeye hajui bado, naye machozi yanamlengalenga.