Mwenye Uso Mweupe

Shemeji yangu Gert Kammies alikulia kwenye mashamba ya mbuni, kusini ya milima, kabla hajaja huku kwenye nyika kavu ya Karoo kurekebisha vinu vya upepo na kumwoa dada yangu Lenie. Kwa mbuni hakuna ubishi: dume ni mweusi mwenye mbawa nyeupe, anayejishaua, na jike ni kijivu kama vumbi. Basi Gert aliyabeba hayo kichwani akayashusha juu ya kila ndege aliyemwona. Mtu mbishi kama huyo sijapata kuona.

Pale bwawani, nyuma ya nyumba zetu mbili, kila majira ya baridi walikuja bata shaba wawili. Rangi ya mwili wao ni moja, shaba iliyosuguliwa, ila mmoja ana kichwa cha kijivu na mwingine ana uso mweupe. Gert alisema mweupe ndiye dume. Si anaonekana kutoka mbali? Na si ndiye mwenye kelele, anayechochea ugomvi kila bata mgeni akitua? Lenie alimwambia kwamba mwenye kelele anapiga kelele tu, anayekwenda kupigana ni yule wa kijivu, na kwamba hata nyumbani kwao mambo yako hivyohivyo. Miaka ishirini na sita wamebishana jambo hilo juu ya kahawa ya asubuhi, na mimi ng'ambo ya ua nalisikia lote.

Mwaka ule shayiri ya mwenye shamba ilikuwa ndiyo kwanza imechipua, na bata wengi, wale wawili wakiwemo, wakaishukia. Bwana Vlok si mtu mbaya. Alimpa Gert bunduki ya marisau akamwambia apunguze madume, majike awaache kwa sababu ni wakati wa kuatamia. Jioni Lenie alimkumbusha mumewe kuwa wa kijivu ndiye dume. Gert akamwambia yeye ndiye aliyepewa bunduki.

Asubuhi, barafu bado iko ukingoni mwa bwawa, tukasikia mlio mmoja. Gert akaja na bata begani, uso mweupe unaning'inia. Lenie alimpokea ndege, akamgeuza, akafunua manyoya ya tumboni. Ngozi ilikuwa wazi. Kila mwanamke wa huku anayefuga mabata anajua maana yake: mama hujinyonyoa malaika, yale manyoya laini ya tumbo, kutandika kiota. Mimi niliona, na Gert akaona.

"Ana mayai mahali, Gert," dada yangu akasema. "Yanapoa sasa hivi, wakati umesimama hapo."

Bata hawa hutaga ndani ya mashimo yaliyochimbwa na muhanga, yule mnyama mla mchwa, na shimo tulilijua kwa kuwa yule wa kijivu alikwisha kutua juu yake, anaita. Gert akavua koti, akajifunga kamba kifundoni, akaingia kichwa mbele. Ana miaka sitini na tatu na kitambi chake si haba. Mle hukaa nyoka, na nungu pia. Tulibaki tumeshika kamba, tunasikia anavyohema, na nilimwogopea kweli, ingawa dakika tano kabla ningemchapa. Alipotikisa mguu tukamvuta. Alitoka na mayai tisa ndani ya kofia, yamefunikwa malaika, na yalikuwa bado yana uvuguvugu.

Tukayaweka chini ya bata mzinga wangu aliyekuwa anaatamia mayai viza. Kisha Lenie akachukua mto wake akahamia kwangu.

"Usiniambie kitu," alimwambia mumewe mlangoni, "mpaka niwaone vifaranga wako majini na baba yao."

Siku kumi na saba alilala kitandani kwangu, anakoroma, ananipangia upya masufuria. Niliyaombea mayai yale kuliko nilivyowahi kuombea mvua. Gert alikuja kila asubuhi kumtazama bata mzinga, anauliza kama amekula, anaondoka. Na kila siku yule wa kijivu alisimama kwenye mdomo wa shimo tupu, anangoja mwenzake atoke. Gert alikuwa akimwona kutoka juu ya kinu cha upepo. Aliniambia mimi, si mkewe, kwamba anatamani ndege huyo aende zake.

Walianguliwa saba. Mayai mawili yalikuwa yamekufa. Kabla vifaranga hawajamzoea bata mzinga, Gert aliwatia kwenye ndoo, akaenda bwawani, akaingia maji yale ya baridi mpaka magotini, akawaachia mmojammoja. Wakalia. Tulisubiri muda mrefu, Lenie amenibana mkono mpaka ukafa ganzi. Hatimaye wa kijivu akaja kutoka upande wa shimo, akatua, akazunguka akiwa ameinamisha shingo. Vifaranga wakamfuata. Akawapeleka kwenye matete, akarudi peke yake kumfukuza Gert, anamfokea na kumrukia mapaja. Gert hakujikinga. Alitoka majini polepole, machozi yanamtiririka, wala hakuyafuta.

Lenie akamvua viatu vilivyolowa, akaja kwangu kuchukua mto wake. Bunduki Gert aliirudisha siku hiyohiyo, akaomba afukuze bata kwa kugonga debe tupu, na mpaka leo ndivyo afanyavyo.

Wageni wakifika bwawani huwauliza kina Kammies yupi dume, yupi jike. Zamani wangejibu wote wawili kwa mpigo. Siku hizi Lenie humwachia mumewe ajibu.

"Mwenye uso mweupe ndiye mama," Gert huwaambia. "Mimi nilijua baada ya kumwua."