Chapati ya Kabichi Siku ya Wakwe

Kwetu, upande wa Bukavu, wakwe wakija kwa maneno mazito na wakaondoka bila kula, maneno yale bado yako hewani. Watarudi. Lakini wakila, na mwenye nyumba akala nao, basi yamekwisha. Karatasi hakuna, mhuri hakuna. Mdomo uliotafuna umekubali.

Ndiyo maana niliwaambia waje saa nane mchana. Mwaka ule umeme ulikuwa unakatwa kwa zamu, na hapa Joubert Park, huku kusini tulikohamia, zamu yetu siku hiyo ilianza saa nane. Jiko likishapoa ningesema: samahani wakwe zangu, moto hakuna, tutaonana siku nyingine. Sikusoma, lakini si mjinga.

Walikuwa wanakuja kumchukua mjukuu wangu. Mama yake, binti yangu wa pekee, tulimzika kabla ya baridi kuanza. Baba yake alikuwa Cape Town na mke mwingine, na miaka yote hakukumbuka kwamba ana mtoto. Sasa mtoto ana miaka kumi na tatu, anaweza kuosha vyombo na kubeba kichanga cha mtu mgongoni, ukoo umekumbuka. Baba alimtuma dada yake mkubwa, anayekaa naye huko, pamoja na baba yao mdogo, mzee mmoja wa koti refu.

Binti yangu alikuwa akifanya kazi za nyumbani kwa familia ya Wajapani, Sandton. Huko ndiko alikojifunza chapati yao ya kabichi. Si chapati ya kusukuma. Kabichi, au shu kama tunavyosema kwetu, unaikata nyembamba kama nyuzi, unachanganya na unga kidogo na mayai, unamimina kwenye kikaango, unaacha. Unaacha kabisa. Mimi mkono wangu umezoea kubonyeza na mwiko, na binti yangu alikuwa ananifukuza jikoni: mama, unaiua hiyo. Juu yake Wajapani wananyunyiza samaki mkavu aliyeparuzwa kama karatasi, anacheza kwa mvuke. Samaki yule ni ghali. Sisi tuliweka ndakala, vile visamaki vyetu vya ziwani, tukavikausha juu ya moto na kuvitwanga. Havikucheza, lakini vilinukia mpaka jirani wa juu akashuka kuuliza tunapika nini. Mara ya kwanza kuonja nilisema hii ni kabichi iliyolala ndani ya unga. Nikala tatu.

Basi wakwe wakafika. Umeme ukakatika, friji ikanyamaza, nikafurahi moyoni. Mzee akaongea marefu: mtoto ni wa ukoo, damu ni damu, na mimi nimechoka. Nikamjibu kwamba uchovu wangu ameujuaje, hajawahi kunibebea hata ndoo moja. Yule dada akacheka puani. Nikawaacha waseme. Nilikuwa nangoja njaa iwatoe.

Mpango wangu sikumwambia mtoto. Amezaliwa hapa, Kiswahili anakisikia lakini anakujibu kwa Kiingereza, na mimi ananiita gogo kama watoto wa Kizulu wanavyowaita bibi zao. Mambo ya wakwe angeyajulia wapi? Alishuka ngazi akaazima jiko la gesi kwa jirani.

Mimi nilisikia harufu tu. Ndakala.

Akaingia na sinia, akapiga magoti kama mama yake alivyokuwa akipiga, akasema kwa Kiswahili, ambacho sikuwa nimekisikia mdomoni mwake tangu mazishi:

"Karibuni chakula."

Chapati zilikuwa zimeiva rangi ya asali, pembeni zimeungua kidogo, mayonezi imechorwa mistari juu. Hakuzibonyeza. Nakwambia, hata mama yake hakuwahi kuzitoa vile. Nilitaka kulia na nilitaka kujisifu, vyote kwa mpigo.

Mzee alitazama sinia, akanitazama mimi. Mila yeye anaijua. Akaomba maji ya kunawa. Yule dada akamega, akatafuna.

"Mama, huyu ulimfundisha wewe?"

"Mama yake," nikasema.

Wakala. Kikabaki kipande kimoja, mzee akakisukuma mbele yangu.

"Na wewe, mama. Kula nasi."

Ningeweza kusema tumbo linaniuma. Lakini mtoto alikuwa bado amepiga magoti, ananitazama mdomo. Hajui kitu. Anangoja tu gogo aseme ni tamu. Nikikataa sahani yake mbele ya ukoo wa baba yake, nimemvua nguo.

Nikala. Nikasema ni tamu. Na ilikuwa tamu kweli.

Mzee akapangusa mikono. "Tumekula," akasema. "Tumemaliza."

Jioni, tukikunja nguo zake, nilimuuliza kwa nini alipika. Akanijibu kwa Kiingereza chake, polepole ili nielewe, kwamba alitaka waone nimemlea vizuri, ili wamwache kwangu.

Hadi leo sijamwambia. Akipiga simu ananiuliza kwa nini sikukataa, nami nasema ukoo wa baba una nguvu, gogo hana. Acha anikasirikie mimi. Anasema shangazi yake anampikisha chapati zile kila Jumapili, na kwamba huko ndakala hawana, anaweka chumvi tu. Simu ikikatika, siku nyingine nakata kabichi. Mkono wangu bado unabonyeza, na hakuna wa kunifukuza jikoni.