Jini Aliyesema Bismillahi

Ikran Hirsi anaandika vichekesho vya majini kwa ajili ya vijana, na hapa Garissa kazi hiyo ni rahisi kuifanya kuliko kuieleza. Akienda kuomba ruhusa ya kupiga filamu shuleni, wanamuuliza kama wazazi wake wana habari. Mimi ni rafiki yake tangu shule ya msingi, na ndimi ninayemshonea nguo za majini, kwa hiyo maswali mengine huniangukia mimi.

Aliyempa taabu kuliko wote ni baba yake, Mzee Hirsi, mfanyabiashara wa ngamia. Alishikilia kwamba jini hatajwi ovyo nyumbani, sembuse kufanyiwa mzaha. Baada ya kubembelezwa sana, alikubali kuitazama filamu ya kwanza ukumbini pamoja na wazazi wengine. Akiona dini imechezewa, Ikran angeacha kuandika na kwenda kumsaidia sokoni. Ikran akakubali. Nilimwambia ana wazimu.

Hadithi yenyewe ilikuwa nyepesi. Jini wa kike anahamia kwenye tangi la maji la shule ya bweni, anawatania wasichana, na kila wakisema Bismillahi anatoka mbio. Jini huyo aliigizwa na Samsam, msichana wa kidato cha tatu mwenye ulimi usiopumzika. Kamera ilikuwa ya Abdiqani, mpiga picha za harusi, na siku hiyo bibi harusi alikuwa akimngoja upande wa pili wa mji. Basi kila kitu tulikipiga mara moja tu, harakaharaka.

Ukumbini watoto walicheka tangu mwanzo. Kisha jini akaingia jikoni kuiba chai ya maziwa ya ngamia. Akainua kikombe na kusema, kwa sauti safi kabisa, "Bismillahi." Akanywa, akabaki palepale amestarehe.

Samsam hakujua kama amelisema. Sisi tuliokuwa nyuma ya kamera hatukulisikia, wala Abdiqani alipokuwa akihariri. Ni neno linalotutoka kila tunapogusa chakula, nani atalisikia tena? Ukumbi mzima ukaangua kicheko. Ikran akajifunika uso kwa mtandio. Mzee Hirsi peke yake hakucheka.

Filamu ilipokwisha alimwita Ikran nje, nami nikamfuata kwa ukaidi wangu.

"Aabo," mzee alimwambia. Ni "baba" kwa Kisomali, na akina baba wa kwetu huwaita watoto wao hivyohivyo kwa upendo. "Huyu jini ni Mwislamu?"

Ikran, ambaye hakuwa amelipanga hilo hata kidogo, alisema ndiyo.

"Basi adhuhuri anaswali wapi? Ndani ya tangi? Hilo hukuliandika. Rudi ukaliandike."

Ikran alilia kwa furaha palepale mbele za watu, na baba yake akajifanya anapokea simu.